Nani Aseme Mchezaji Amepona?

Mazungumzo yaliyotolewa mbele ya wanafunzi na wanafunzi wa zamani, siku ya mkutano wetu wa mwaka.

Ndugu Mwenyekiti wa Umoja wetu, Ndugu Mkuu wa Shule, walimu wangu, ndugu zangu tuliopita hapa zamani, na ninyi vijana mliokaa huko nyuma mkiomba nimalize upesi ili mwende uwanjani:

Barua ya Mwenyekiti ilinitaka nizungumze juu ya michezo na maisha ya kazi. Kwa kuwa yeye anajua kwamba kazi yangu serikalini ni kusoma mafaili ya watu walioumia wakiwa kazini, nadhani alitegemea nitawaletea vifungu vya sheria ya fidia. Sheria hiyo nitaigusa, lakini kwa uchache. Nimeona afadhali niwaeleze habari za mchezo wa mbali, yaani ule mpira wa Kimarekani ambao niliujua nilipokuwa masomoni California kwa miaka miwili, na hasa habari za mchezaji mmoja katika mchezo huo ambaye mimi nitamwita mkimbiaji. Katika mafaili yote niliyopata kuyasoma, sijaona mahali palipo wazi kuliko pale jinsi jeraha linavyompangia mtu mwaka wake mzima: acheze lini, alipwe nini, nani ashike nafasi yake, na nani mwenye haki ya kutamka kwamba sasa amepona.

Najua wengi wenu mmeuona mchezo huo kwenye simu mkadhani ni ugomvi. Wenyewe wanauita mpira wa miguu, ingawa mguu huugusa mpira mara chache sana. Mpira una umbo la yai. Kila upande una watu 11, wamevaa kofia ngumu na mito mabegani. Timu yenye mpira hupewa nafasi 4 za kusogea mbele yadi 10, ambazo ni kama mita 9. Ikifaulu hupewa nafasi 4 nyingine. Sasa, mkimbiaji ni yule anayesimama nyuma ya ukuta wa wenzake, akakabidhiwa mpira mkononi, akaambiwa atafute upenyo katikati ya watu ambao wengine wana uzito wa kilo 140. Aghalabu mbio yake huisha kwa kuangushwa. Mshambuliaji wetu wa soka akichezewa vibaya mara tano katika mechi moja tunamlilia mwamuzi. Mkimbiaji huangushwa mara 20 kwa mechi moja na hakuna filimbi, kwa sababu huo ndio mchezo wenyewe. Na kila alipokabidhiwa mpira huandikwa, kama karani anavyoandika magunia ghalani.

Tangu 2021 ligi yao kuu, yenye timu 32, huchezwa mechi 17 katika wiki 18, kuanzia Septemba hadi mapema Januari, na kila timu hupata wiki moja tu ya kupumzika. Mechi nyingi huwa Jumapili. Kwa hiyo mtu aliyeteguka kifundo cha mguu Jumapili jioni ana siku saba, na pengine siku nne ikiwa mechi inayofuata imepangwa Alhamisi. Kifundo hakisomi kalenda.

Ligi hiyo ina utaratibu ambao mimi, kama mtu wa mafaili, niliupenda tangu siku ya kwanza. Kila timu inalazimika kutangaza hadharani orodha ya majeruhi wake. Jumatano, Alhamisi na Ijumaa huandikwa nani amefanya mazoezi yote, nani nusu, nani hakufanya kabisa, na ni kiungo gani kinachomsumbua. Mwisho wa wiki huandikwa hukumu: huyu hachezi, huyu yuko katika shaka kubwa, huyu yuko katika shaka. Halafu dakika 90 kabla ya mechi hutolewa majina ya wasiovaa jezi siku hiyo. Ni faili safi kabisa. Ubaya wake ni ubaya wa mafaili yote: linaandikwa na upande mmoja.

Nitawapa mfano wa msimu mmoja wa mtu mmoja. Christian McCaffrey ni mkimbiaji wa San Francisco 49ers. Mwaka 2023 alikuwa bora kuliko wote katika ligi: alikimbia yadi 1,459, akashika pasi 67 juu yake, na akachaguliwa mchezaji bora wa ushambuliaji. Kwa hesabu ya karani wetu, alibeba na kushika mpira mara 339 kabla ya mechi za mtoano. Timu yake ilifika fainali ya Februari 2024, ikafungwa na Kansas City 25 kwa 22 katika muda wa nyongeza. Juni mwaka huo akaongezewa mkataba wa miaka miwili wenye thamani ya dola milioni 38, ukamfanya awe mkimbiaji mwenye malipo makubwa kuliko wengine wote kwa mwaka.

Agosti, katika mazoezi ya kuanza msimu, ikatangazwa kwamba ameumia msuli wa shavu la mguu. Jambo dogo, walisema. Mechi ya kwanza ilikuwa Jumatatu tarehe 9 Septemba, dhidi ya New York Jets. Faili lilisema yuko katika shaka. Nchi nzima ikakaa ikisubiri. Dakika 90 kabla ya mechi ikatangazwa kuwa hachezi, na mahali pake akaingia kijana aitwaye Jordan Mason, ambaye mwaka 2022 hakuna timu hata moja iliyomchagua katika mgao wa wachezaji wapya. Mason alibeba mpira mara 28 akapata yadi 147, na timu yake ikashinda 32 kwa 19. Baada ya mechi, kwa furaha yake, akamwambia mtangazaji kwamba yeye alijulishwa tangu Ijumaa kuwa ndiye angeanza. Basi likazuka gumzo. Maana kama kijana alijua tangu Ijumaa, lile neno "shaka" lililoandikwa Jumamosi lilikuwa shaka ya nani?

Baadaye ikasemwa kwamba tatizo si shavu la mguu peke yake. Kuna kano nene inayounganisha shavu la mguu na mfupa wa kisigino, mtu yeyote anaweza kuishika kwa vidole. Hiyo ilikuwa imevimba, tena miguu yote miwili. McCaffrey akawekwa kwenye orodha ya majeruhi wa muda mrefu, ambako mtu akiingia haruhusiwi kurudi kabla ya mechi 4, na yeye mwenyewe akasafiri hadi Ujerumani kumwona daktari bingwa. Wachezaji wa ligi ile wana haki, kwa mkataba wa chama chao, ya kutafuta rai ya daktari wa pili asiye wa klabu. Haki hiyo waliipata kwa kubishana mezani miaka mingi, na kila nikiisoma huwa najiuliza ni wachezaji wangapi wa kwetu wanaoijua hata kwa jina.

Alikosa mechi 8. Alirudi tarehe 10 Novemba, timu ikashinda huko Tampa. Wiki iliyofuata wakafungwa na Seattle, iliyofuata wakafungwa na Green Bay. Tarehe 1 Desemba walicheza Buffalo, theluji ikianguka. Alikuwa amebeba mara 7 tu na amepata yadi 53, na kwa mara ya kwanza mwaka ule alionekana kama yule wa zamani, ndipo goti la kulia likapigwa, kano ya nyuma ikaumia, na msimu wake ukaishia hapo. Katika mechi hiyo hiyo Mason naye akateguka kifundo, naye msimu wake ukaisha. Akaingia wa tatu, Isaac Guerendo. Wiki iliyofuata alifunga mara mbili dhidi ya Chicago, akamaliza mechi hiyo akiwa ameumia mguu, na kabla mwezi haujaisha msuli wa nyuma ya paja nao ukamkatalia.

Jumla ya mwaka wa 2024 wa mkimbiaji ghali kuliko wote: mechi 4, kubeba mpira mara 50, yadi 202, bila bao hata moja. Timu iliyoshinda mechi 12 mwaka mmoja nyuma ilishinda 6 na kupoteza 11. Sisemi ni kwa sababu yake peke yake, wengine wengi waliumia pia, lakini mkitaka kuona jinsi kano moja ya kisigino inavyoweza kusogeza meza za watu wengi, basi ni hapo.

Wako wanaosema haya hayakuwa ajabu, ukisoma faili lake tangu mwanzo. Mwaka 2019, akiwa Carolina, mtu huyu alibeba na kushika mpira mara 403. Miaka miwili iliyofuata alicheza mechi 10 kati ya 33: kwanza kifundo, kisha bega katika mechi ile ile aliyorudi, kisha paja, kisha kifundo tena. Mifano ya namna hii ipo mingi. Terrell Davis wa Denver mwaka 1998 alibeba mpira mara 392 akapita yadi 2,000. Mwaka 1999, katika mechi ya nne, goti lake likachanika akijaribu kumzuia adui aliyenasa mpira, na hakurudi kuwa yule tena. Aliacha mchezo mwaka 2002.

Yupo pia ndugu yetu wa Nigeria, Christian Okoye, ambaye lazima nimtaje kwa sababu vijana wengi hapa hawaamini Mwafrika alipata kutamba katika mchezo ule. Okoye alikwenda California kurusha kisahani. Mpira ule hakuugusa mpaka mwaka 1984, akiwa mtu mzima wa miaka 20 na kitu. Mwaka 1989, akiwa Kansas City, aliongoza ligi nzima kwa yadi 1,480, na alibeba mpira mara 370 ili kuzipata. Mwaka uliofuata alipata yadi 805, na mwaka 1992 ndio uliokuwa wa mwisho wake. Mimi sidai kwamba hesabu ya kubeba ndiyo iliyowamaliza watu hawa. Mwili hauna mita kama gari. Lakini nikiona lori limepakiwa hivyo miaka yote, siwezi kushangaa springi zikikatika.

Sasa najua kocha wetu, ambaye namheshimu sana, atanitajia Adrian Peterson. Wote hunitajia Peterson. Huyu wa Minnesota alichanika kano mbili za goti la kushoto tarehe 24 Desemba 2011. Watu walisema msimu wa 2012 umekwenda. Alicheza mechi ya kwanza kabisa ya Septemba, akamaliza mwaka na yadi 2,097, pungufu ya rekodi ya Eric Dickerson ya 1984 kwa yadi 8 tu, na akatunukiwa kuwa mchezaji bora wa ligi. Ni habari ya kweli na ni nzuri. Lakini tazameni mambo mawili. La kwanza, Peterson alipasuliwa ndani ya wiki moja, na miezi yote minane iliyofuata alikuwa mikononi mwa wataalamu wa viungo, asubuhi na jioni, kwa gharama ya klabu. La pili, alirudi goti lilipokuwa tayari. Makocha humkumbuka Peterson kana kwamba alipona kwa moyo mkuu. Moyo alikuwa nao. Pia alikuwa na daktari.

Hapa ndipo nataka tuongee sisi kwa sisi. Mkimbiaji akiumia huwa na hofu mbili. Ya kwanza ni maumivu, na hiyo huizoea. Ya pili ni yule aliyekaa benchi nyuma yake. McCaffrey alipokaa nje, Mason alipata yadi 789 kwa mwaka. Kijana aliyekuwa hajulikani akajulikana. Sehemu kubwa ya mishahara ya wachezaji wale haina dhamana. Mtu akiumia kazini klabu humlipa msimu ule, lakini akishaandikiwa kwamba amepona anaweza kuachwa kesho yake. Kwa hiyo neno "amepona" lina hatari pande zote: likisemwa mapema, anarudi na goti bovu, likicheleweshwa, kiti chake kimekaliwa. Ndiyo maana mchezaji mwenyewe si shahidi mzuri wa mwili wake. Ukimwuliza atasema yuko tayari. Kocha naye si shahidi mzuri, maana Jumapili inamkabili. Kwa majeraha ya kichwa wenzetu wameliona hilo: tangu 2013 kila mechi huwa na daktari wa ubongo asiyeajiriwa na klabu yoyote. Kwa goti na kisigino bado mizani imeelemea upande wa klabu, ila wana ile haki ya daktari wa pili.

Sisi hapa tunayo mizani gani? Yuko mwenzetu mmoja katika ukumbi huu, tulilala bweni moja, naye ameniruhusu niseme bila kumtaja. Tukiwa kidato cha tatu aliteguka goti siku kumi kabla ya mashindano ya shule za wilaya. Aliyekuwa akimsubiri benchi alikuwa mzuri, na yeye alijua. Akalifunga goti kwa kitambaa cha shuka chini ya soksi, akachemsha maji ya chumvi usiku jikoni kwa wapishi, na akacheza. Alifunga bao, mnalikumbuka. Leo, akiwa na miaka 40 na ushei, hupanda ngazi za ofisi yake kwa mguu mmoja ukiutangulia mwingine kama mtoto mdogo. Wazee walisema mficha maradhi kifo humuumbua. Kwake yeye ni ngazi.

Angekuwa ameumia akiwa mwajiriwa, ningekuwa na faili lake. Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya mwaka 2008 ingemtambua, daktari angempima, na kiwango cha ulemavu kingeandikwa na daktari, si na bosi. Lakini mwanafunzi si mwajiriwa. Akivunjika mguu kwenye kiwanja chetu anakuwa na wazazi wake, na muuguzi wa zahanati ya shule kama yupo zamu siku hiyo.

Basi, Ndugu Mwenyekiti, nina ombi ambalo jana katika kikao cha kamati halikupita vizuri, na Mkuu wa Shule ameniruhusu nilirudie hapa mbele ya wanafunzi wenyewe. Michango ya mwaka huu imekusudiwa jezi mpya na nyavu za magoli. Naomba jezi zisubiri muhula mmoja. Fedha hizo ziwekwe zitumike kwa nauli ya hospitali, picha ya eksirei, bandeji na barafu, kwa mwanafunzi yeyote anayeumia akiichezea shule. Na liwepo daftari, daftari la kawaida la mistari, ambamo muuguzi ataandika jina, tarehe na kiungo kilichoumia. Asirudi uwanjani mtu yeyote ambaye jina lake limo humo mpaka muuguzi au daktari awe ameandika kwa mkono wake kwamba aende. Si kocha. Si kiranja wa michezo. Wala si mimi mwanafunzi wa zamani niliyekuja na gari siku moja nikataka kuona shule yangu ikishinda.

Jana kaka yetu mmoja, mkubwa wangu kwa miaka mingi, aliniuliza kama nataka kuwafanya vijana hawa mayai. Alisema wao walicheza pekupeku juu ya changarawe na hawakuwa na daftari. Ni kweli, kaka, na tuliwashangilia. Lakini katika kikosi chenu cha wakati ule, ninyi mliofika leo ni wangapi mtakaoingia uwanjani jioni hii kucheza dhidi ya vijana? Nilihesabu majina kwenye orodha iliyobandikwa mlangoni. Ni wawili, na mmoja ni kipa.

Kwa vijana wa akiba nina neno pia, kwa sababu hadithi hizi huwasahau. Jordan Mason hakumwombea mtu mabaya. Alikuwa amejiandaa, akaitwa, akacheza, na yeye mwenyewe akaumia bega mwezi Oktoba, akacheza nalo, kisha kile kifundo cha Desemba. Machi 2025 akahamishiwa Minnesota. Aliyemwachia nafasi na yeye aliyeishika waliondoka uwanjani siku moja kule Buffalo, kwenye theluji ile ile. Kwa hiyo mnapomtazama mwenzenu anayechechemea mkaiona nafasi yenu, kumbukeni kwamba daftari hilo litawaandika na ninyi.

Na mkiniuliza McCaffrey aliishia wapi: Septemba 2025 msimu mpya ulipoanza, siku tatu kabla ya mechi ya kwanza, jina lake likaingia tena kwenye orodha. Shavu la mguu. Mimi huku nyumbani nilisema, haya tena. Safari hii alicheza. Alibeba mara 22 na kushika pasi 9 kule Seattle, timu yake ikashinda, na Jumatano iliyofuata nikafungua orodha kuona wameandika nini.

Naona mwalimu wa zamu ananionyesha saa yake. Walioleta maswali waanze na wale wa nyuma.